Baraza Lipi Litaamua? Ardhi na Hukumu katika Nchi ya Ujiji

Mwenye kudai kiwanja huuliza kwanza: ni cha nani? Lakini historia ya Ujiji yatufundisha kwamba swali hilo hutanguliwa na jingine: ni nani mwenye mamlaka ya kuamua?

Hapo kale, katika nchi ya Buha, wateko walikuwa waangalizi wa ardhi, na mwami alikuwa na baraza lake. Biashara ya ziwani ilipostawi katika karne ya 19, Waislamu kutoka pwani waliongezeka Ujiji, na Mwinyi Kheri akawa mkubwa wao hadi alipofariki mwaka 1885. Hivyo mji mmoja ukawa na mizani mbili: mila na sheria ya Kiislamu.

Ukoloni ukaleta mizani ya tatu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923 iliiweka ardhi yote ya Tanganyika chini ya Gavana wa Kiingereza. Kisha, mwaka 1929, mahakama za wenyeji ziliwekwa mikononi mwa maofisa wa utawala, na rufaa zikapanda mpaka kwa Gavana yuleyule. Mshika ardhi akawa pia mshika mizani. Baada ya Uhuru, mamlaka ya machifu yalifutwa mwaka 1963, na sheria ya mwaka huohuo ikaziunganisha mahakama zote katika ngazi moja. Migogoro ya ardhi ilipewa ngazi yake yenyewe kwa sheria ya mwaka 2002, iliyoanza kutumika mwaka 2003.

Leo mkazi wa Rusimbi, kata ya mjini, hana baraza la ardhi la kijiji. Huanzia Baraza la Kata, ambalo tangu mwaka 2021 hupatanisha tu, wala halitoi hukumu. Suluhu isipopatikana katika siku 30, shauri huenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Na iwapo thamani ya mali inayodaiwa kurejeshwa yazidi shilingi milioni 300, mlango wake ni Mahakama Kuu.

Lakini katika mji wa kale kama Ujiji, nyumba nyingi ni za urithi. Hapo hapana budi kumpata kwanza msimamizi wa mirathi, na kwa wanaofuata mila au sheria ya Kiislamu mlango wake ni Mahakama ya Mwanzo. Mrithi anayedai mali ya marehemu bila usimamizi huo aweza kurudishwa alikotoka, huku mvamizi akiendelea kulala chini ya paa la baba yake.

Jambo hili si la mawakili peke yao. Hukumu ya baraza lisilo na mamlaka ni batili, hata kama pande zote mbili ziliridhia, na kasoro hiyo yaweza kuibuliwa hata katika rufaa. Mjane aliyeshinda kwa haki hujikuta ameshinda bure. Nauli, ada na miaka yake vimekwisha, naye huanza upya na mashahidi waliozeeka au kufariki. Kwa hiyo kuujua mlango ulio sahihi ni sehemu ya kuilinda haki yenyewe.