Wale Wanaowauliza Wafu



Juma hili tunaweka kando kwa kitambo maswali na majibu ya katekisimu, tupate kusimulia habari za kale na za siku hizi juu ya jambo moja, yaani desturi ya walio hai kuwaita wafu na kuwauliza mambo. Sababu ya kuchagua habari hii ni filamu moja. Zamani filamu zilihitaji jumba, mashine na kitambaa cheupe ukutani. Leo kijana wa Kolwezi hukaa chini ya mwembe, akaitazama filamu nzima katika simu yake, na mzazi hajui ameona nini.

Filamu hiyo inaitwa Talk to Me, maana yake Sema Nami. Iliongozwa huko Australia na ndugu wawili mapacha, Danny na Michael Philippou, ikaonyeshwa mara ya kwanza mwaka 2022. Ndani yake vijana wamepata mkono wa maiti, uliokaushwa na kufunikwa kama chombo cha udongo. Wanawasha mshumaa, mmoja anaushika mkono ule kama mtu anayesalimiana na mwenzake, anatamka maneno yaliyoamriwa, na mara anamwona mfu mbele yake. Kisha anamkaribisha aingie mwilini mwake. Sharti lao ni moja: zisipite sekunde 90 kabla mkono haujaachwa na mshumaa haujazimwa. Wenzake wanacheka na kumpiga picha. Kwao ni mchezo tu.

Kati yao yumo msichana aitwaye Mia, ambaye mama yake amekufa. Hajui kama mama alikufa kwa bahati mbaya au kwa kujiua, na swali hilo linamla moyo usiku na mchana. Siku moja mvulana mdogo aitwaye Riley anaushika mkono, na sauti inayotoka kinywani mwake inasema kwamba ni mama wa Mia. Msichana anataka kusikia zaidi. Muda unapita, na mvulana anajipigapiga kichwa mpaka anakaribia kufa. Tena baadaye roho ile ile yenye sura ya mama inamtilia Mia shaka juu ya baba yake, hata akamjeruhi baba huyo kwa mkono wake mwenyewe.

Watazamaji wengi huogopa damu na nyuso za wafu. Mimi naona la kuogopwa zaidi ni kwamba mwenye kuuliza alikuwa Mia, na aliyeumia kwanza alikuwa mtoto wa watu wengine.

Basi, mkono wa namna hii si habari ngeni katika nchi yetu. Kaskazini ya Kolwezi, kwa Waluba, kulikuwako tangu kale chombo kinachoitwa kashekesheke. Ni kipande kidogo cha mti kilichochongwa, katikati kina uwazi, na juu yake mara nyingi kuna kichwa cha mtu. Mpiga ramli hushika upande mmoja, na mwenye shida hushika upande wa pili. Husimama juu ya mkeka au juu ya kiti, nacho husogea. Maswali huulizwa mmoja baada ya mwingine, na kwa namna chombo kinavyokwenda roho huhesabiwa kuwa imejibu ndiyo au siyo. Wenye kuchunguza mila za Waluba husema ni moja ya ramli zao za kale kuliko zote, na wanawake wengi walikuwa mabingwa wake.

Haikuwa ramli ya pekee. Waluba walikuwa pia na bilumbu, watu waliopandwa na roho, wakajipaka chokaa nyeupe na kusoma vitu vidogo vilivyotikiswa ndani ya kibuyu kiitwacho mboko. Masimulizi yao ya ufalme yanamtaja kilumbu mmoja mkubwa, Mijibu wa Kalenga, aliyemsaidia Kalala Ilunga kuokoka na hila za Nkongolo. Wachokwe, na Walunda walio karibu nao, wana ngombo yao, tunga lenye vinyago vidogo ambalo hurushwarushwa, na kile kinachotokea juu ndicho husomwa. Lakini kashekesheke ina jambo moja lisilopatikana katika hizo nyingine: mwenye kuuliza mwenyewe hutia vidole vyake. Jibu hupita mkononi mwake.

Wazungu nao wasidhaniwe kuwa walikuwa mbali na mambo haya. Mwaka 1848, katika kijiji cha Hydesville, jimbo la New York huko Marekani, wasichana wawili wa nyumba moja, Maggie Fox mwenye umri wa miaka kama 14, na Kate wa miaka kama 11, walisema kwamba roho ya mfu inagonga kuta na kuwajibu. Watu wakajaa nyumbani. Katika miaka michache desturi ikavuka bahari, na mabwana na mabibi wa Ulaya wakakaa kuizunguka meza, mikono juu ya meza, wakingoja izunguke. Mwaka 1891 ukaandikishwa huko Marekani ubao wenye herufi uitwao Ouija, ukauzwa madukani kama kitu cha kuchezea. Maggie alipokuwa mtu mzima, mwaka 1888, alipanda jukwaani mjini New York akakiri kwamba milio ile waliifanya kwa vidole vya miguu, akaonyesha jinsi ilivyokuwa. Mwaka uliofuata aliyakana maungamo yake. Alikuwa amekuwa maskini, na watu waliotaka kusikia wafu wao walikuwa bado wengi.

Mwingereza Michael Faraday, mtaalamu mashuhuri wa mambo ya umeme, alipenda kujua ni nani anayezisukuma meza. Mwaka 1853 aliweka chini ya mikono ya watu karatasi ngumu kadhaa, moja juu ya nyingine, zilizoshikamanishwa kwa ulimbo laini. Kama meza ndiyo inayovuta mikono, karatasi ya chini itatangulia. Kama mikono ndiyo inayosukuma meza, itatangulia ya juu. Ikatangulia ya juu. Kisha akaweka kijiti cha kuonyesha kila mwendo wa mkono, watu wakiutazama; na meza haikusogea tena. Wale watu hawakuwa waongo. Mikono yao ilisukuma wenyewe wasijue, ikifuata yale waliyoyatamani au kuyaogopa moyoni.

Kanisa halikungoja hesabu ya Faraday. Torati ilikuwa imekwisha kukataza kuwauliza wafu, na mwaka 1917 ofisi ya Roma inayolinda imani iliulizwa kama Mkristu aweza kuhudhuria mikutano ya kuita roho, hata kwa kutazama tu, hata kama anakana moyoni ushirika wowote na pepo. Jibu likawa hapana. Angalieni kwamba jibu hilo halikusema kila mara yumo pepo, wala halikusema kila mara ni vidole. Lilikataza kukaa pale penye swali.

Na swali gani huulizwa? Padri Placide Tempels, Mfransisko aliyefika Kongo mwaka 1933 na kuishi miaka mingi kati ya Waluba, kisha tangu mwaka 1953 akawa Kolwezi, aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1945 kwamba kwa Mbantu uhai ni nguvu, na nguvu hiyo huweza kuongezwa au kupunguzwa na mtu mwingine. Wengine wameubishia uandishi wake, nao wana haki yao. Lakini kila aliyekaa msibani hapa kwetu anajua alichokuwa akikisema. Mwezi wa sita mwaka 2019 udongo uliporomoka katika mgodi mmoja wa Kolwezi, ukaua wachimbaji zaidi ya 30. Udongo uliolegea hueleza jinsi mtu alivyokufa. Haumwelezi mama kwa nini ni mwanawe, na si yule aliyekuwa amesimama hatua mbili tu kutoka kwake. Ndipo swali linapogeuka. Haliwi tena kwa nini, linakuwa nani.

Swali la nani likijibiwa, jibu huwa ni jina la jirani au la ndugu. Mwaka 1925 Tomo Nyirenda, mtu wa Nyasaland, ambayo leo ni Malawi, alihubiri kati ya Walala wa Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia, akajiita Mwana Lesa, yaani Mwana wa Mungu, kisha akavuka mpaka akaingia Katanga. Aliwazamisha watu majini kwa ubatizo wake. Yule ambaye mwili wake haukuzama wote alihesabiwa kuwa mlozi, akauawa. Wengi walikufa hivyo kabla hajakamatwa na kunyongwa mwaka 1926. Maji yale yalikuwa kashekesheke nyingine: mkono wa mtu ulizamisha, na watu wakasema maji yamenena.

Katika miaka iliyo karibu nasi jina linalotajwa limekuwa mara nyingi la mtoto. Mwaka 2006 shirika la Human Rights Watch lilitoa taarifa juu ya watoto wa mitaani wa Kongo, pamoja na wale wa Kinshasa, Lubumbashi na Mbuji-Mayi. Wengi walikuwa wamefukuzwa nyumbani kwa kuitwa walozi. Mara nyingi baba au mama alikuwa amekufa, mtoto akapelekwa kwa ndugu, chakula kikawa haba, kisha ikaja homa au kazi ikapotea, na nabii wa kanisa fulani akathibitisha lile ambalo nyumba ilikuwa imekwisha kulifikiri. Watoto walinyimwa chakula na maji, wakapigwa, ili wakiri. Na mtoto mwenye njaa hukiri. Husema ndiyo, nalikula nyama ya watu usiku, nalimuua mama. Nao waliomuuliza huona wamesikia sauti ya roho, kama Mia alivyoisikia katika kinywa cha Riley.

Katiba ya Kongo ya mwaka 2006, katika kifungu cha 41, inakataza kumshtaki mtoto kwa ulozi. Sheria ya tarehe 10 Januari 2009 ya kulinda watoto, kifungu cha 160, inampa anayemsingizia mtoto jambo hilo kifungo cha mwaka mmoja hadi miaka mitatu, pamoja na faini. Makatekista wanaombwa kukisoma kifungu hicho kwa sauti mbele ya watu, kwa kuwa wazee wengi wa vijijini hawajapata kukisikia. Na atakayekuja na mtoto aliyefukuzwa usiku apokewe kwanza, apewe ugali, na maswali yangoje asubuhi.