Beki, mtoto wa mkimbizi



Siku chache zilizopita tulikaa na familia zilizohama kutoka Kalehe na Walungu, tukaongea juu ya haki za mtoto. Baba mmoja akasimama, akaniuliza: «Mwanasheria, binti yangu anashinda uwanjani na wavulana, anafukuza mpira. Hiyo nayo ni haki? Itatuletea nini?» Watu wakacheka. Mimi nikamjibu kwa sheria: Mapatano ya Haki za Mtoto ya mwaka 1989, kifungu cha 31, yanampa kila mtoto haki ya kupumzika na kucheza, wala hayasemi mvulana peke yake. Jibu lilikuwa la kweli, lakini niliona usoni mwake kwamba halikumfikia. Leo nataka kumjibu tena, na safari hii kwa njia ya historia.

Tuondoke kidogo kando ya ziwa letu, twende Ethiopia. Mwaka 1974 wanajeshi walimwangusha Mfalme Haile Selassie, wakaunda serikali iliyoitwa Derg. Katika miaka ya 1977 na 1978 waliuawa vijana wengi sana, wengi wao wanafunzi. Watu wa huko waliuita wakati ule Hofu Nyekundu. Utawala huo haukuanguka hadi 1991, na katika miaka hiyo yote watu walikuwa wakitoka, wengine kwa miguu hadi Sudan. Ninyi mliotembea kwa miguu hadi hapa mnajua safari ya namna hiyo, sina haja ya kuwaeleza.

Katika watu hao waliotoka alikuwemo kijana mmoja aitwaye Girma. Alifika Marekani akiwa mkimbizi, akasoma, akapata kazi, akakaa katika mji wa San Jose, jimbo la California. Akaoa mwanamke wa kwao, naye mhamiaji kama yeye. Tarehe 14 mwezi wa sita, mwaka 2000, wakapata binti, wakamwita Naomi. Waethiopia humpa mtoto jina la kwanza la baba yake likawa jina lake la pili. Ndiyo maana leo, kila mara mtangazaji wa mpira anapomwita Naomi Girma, anataja jina la yule mkimbizi, hata kama mwenyewe hajui.

Sasa nisikilizeni vizuri, hasa ninyi mashefu wa avenyu na wa karti. Wazazi wale wa San Jose walikuwa wageni, na kila familia ilikuwa na msiba wake na habari zake za nyumbani. Walifanya jambo dogo. Mwisho wa juma walikutana kwenye bustani ya mji, wakaleta chakula, wazee wakaongea lugha yao, watoto wakapewa mpira. Kikundi hicho wakakiita Maleda, maana yake kwa Kiamhari ni asubuhi na mapema. Babake Naomi alikuwa mmoja wa walioanzisha. Naomi alianza hapo akiwa na miaka 5. Hakuna aliyekuwa akitafuta bingwa wa dunia. Walitafuta mahali ambapo mtoto wa Mwethiopia angewajua wenzake, na ambapo mtu mzima angekaa saa mbili bila kuwa mgeni.

Kutoka hapo njia ilikuwa ndefu. Nchini Marekani mpira wa watoto hulipiwa na wazazi, tena ni ghali. Naomi akapita katika timu za vijana, akafika Chuo Kikuu cha Stanford, akawa kapteni. Mwezi wa kumi na mbili 2019 timu hiyo ilitwaa ubingwa wa vyuo vyote vya Marekani, na fainali ilichezwa palepale San Jose, mji aliozaliwa. Ilikwisha bila goli, ikaamuliwa kwa penalti. Golikipa wao, Katie Meyer, alizuia mbili. Alikuwa rafiki mkubwa wa Naomi.

Nitasema habari za Katie, ingawa ni nzito. Mwezi wa tatu 2022 msichana huyo alijiondolea uhai akiwa bado chuoni. Alikuwa na furaha mbele ya watu, na wengi hawakujua alichokuwa amebeba. Naomi hakunyamaza. Mwaka 2023, alipokwenda kwenye Kombe la Dunia, aliandika wazi kwamba anaicheza michezo hiyo kwa ajili ya rafiki yake, na pamoja na wachezaji wenzake akaanza kazi ya kuwafundisha vijana kuongea juu ya maumivu ya moyoni. Sisi hapa tumepita 1996, 1998, 2004, na 2025. Tunahesabu nyumba zilizochomwa na ng'ombe walioibwa. Mtoto ambaye ameacha kuongea tangu alipofika, huyo tunasema ni mpole. Mama, baba, muulizeni. Kaeni naye.

Turudi uwanjani. Mwaka 2022 Naomi alichaguliwa wa kwanza kabisa kati ya wachezaji wote walioingia katika ligi ya kulipwa ya wanawake, akaenda timu ya San Diego Wave. Mwaka uleule alitangazwa beki bora wa ligi na mchezaji mpya bora. Mwaka 2023 akawa beki bora tena, kisha Shirikisho la Mpira la Marekani likamtaja mchezaji bora wa mwaka wa kike. Kabla yake tuzo hiyo haikuwahi kupewa beki.

Kwa nini haikuwahi? Mimi shuleni nilikuwa beki, kwa sababu sikujua kupiga chenga, na naweza kuwaambia: hakuna anayeimba jina la beki. Akifanya kazi yake vizuri, hakuna kinachotokea, na watu hawapigi makofi kwa kitu ambacho hakikutokea. Naomi anajulikana kwa kusoma mchezo mapema. Anasimama mahali mpira utakapopita, anauchukua, anampa mwenzake, na mshambuliaji anabaki mzima, miguu yake haikuguswa. Katika Kombe la Dunia la 2023 timu yake ilifungwa goli moja tu katika mechi nne, na bado ikarudi nyumbani, imetolewa na Sweden kwa penalti. Mwaka uliofuata, katika Olimpiki ya Paris, alisimama katikati ya ulinzi katika mechi zote sita. Ya kwanza ilikuwa na jirani zetu wa Zambia, wenye Barbra Banda. Wamarekani walishinda 3 kwa 0, na katika mashindano yote walifungwa magoli mawili tu, wakachukua medali ya dhahabu.

Mwezi wa kwanza 2025 timu ya Chelsea ya Uingereza ilimnunua kwa dola milioni 1.1. Alikuwa mwanamke wa kwanza katika historia ya mpira kuuzwa kwa bei inayopita milioni moja. Baba uliyeniuliza, najua hesabu hiyo imekuvutia kuliko kifungu changu cha 31, na sikulaumu. Lakini wasichana wengi wanaocheza hawataona hata dola mia, na kama ni hiyo tu unayongoja, utamchosha binti yako bure. Wazazi wa Maleda walipata walichokitaka miaka mingi kabla ya Chelsea.

Wala msiseme hayo ni ya Amerika. Mwaka 1998, miezi michache tu baada ya vita kuanza hapa kwetu mwezi wa nane, wanawake wa Kongo walikwenda Nigeria kwenye mashindano ya Afrika, wakawa wa tatu. Ni wangapi kati yetu walisikia? Tarehe 23 mwezi wa kumi na moja 2024, wanawake wa TP Mazembe waliwafunga AS FAR ya Morocco 1 kwa 0, wakawa mabingwa wa vilabu vya Afrika. Na bei ile ya Naomi haikukaa mwaka: mwezi wa tisa 2025 Grace Geyoro, kiungo wa timu ya taifa ya Ufaransa, alihamia London City Lionesses kwa bei ambayo magazeti mengi ya Ulaya yaliandika kuwa kubwa zaidi. Grace alizaliwa Kolwezi, mwaka 1997, akapelekwa Ufaransa akiwa mtoto mdogo.

Baba, uwanja ule anakochezea binti yako umebaki nusu. Nusu nyingine ina vibanda, na kuna watu wanaoomba sehemu iliyobaki ili wajenge. Wanaoomba nao wana shida, siwezi kusema wanakosea. Lakini watoto wa waliohama na watoto wa wenyeji hawana mahali pengine wanapokutana katika karti ile. Shefu amekubali tuongee naye Jumamosi, saa tatu asubuhi, palepale uwanjani. Njoo, na umlete binti yako. Nimeambiwa anacheza nyuma.