Mali Bila Daftari: Kigoma na Historia ya Kuhama na Vyombo

Oktoba 23, 1871, David Livingstone aliingia Ujiji amebaki mifupa mitupu. Alikuwa ametoka Manyema, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, na kilichomtia nguvu njia nzima ni mali yake iliyokuwa ikimsubiri mjini. Shehena hiyo ilikuwa imetumwa kutoka pwani na kukabidhiwa mtu mmoja aliyeitwa Sherifu. Alipofika aliambiwa kwamba Sherifu ameuza kila kitu. Yadi 3,000 za kitambaa na ratili 700 za shanga zilikuwa zimegeuzwa watumwa na pembe za ndovu, tena kwa faida ya Sherifu mwenyewe. Livingstone aliandika katika shajara yake kwamba mtu huyo alijitetea kuwa alitazamia kwa msahafu na kuona kwamba mzungu amekwisha kufa. Mali ya maiti haina mdai.

Siku chache baadaye Henry Morton Stanley alifika Ujiji na msafara wake, na dunia ikashika habari ya wazungu wawili waliokutana chini ya mwembe. Shehena iliyoliwa ikasahaulika. Haikuwa mara ya kwanza, kwani hata alipofika Ujiji Machi 1869 Livingstone alikuta sehemu kubwa ya vitu alivyotumiwa imeibwa. Mtu aliyejulikana Ulaya nzima, mwenye balozi wa kumpigania Unguja, alishindwa mara mbili kulinda mali aliyoitanguliza mbele yake.

Kisa hicho ni mlango mzuri wa kuingilia historia ya Kigoma, kwa sababu mwambao huu umeona uhamaji wa kila namna. Watu wamehama kwa biashara, kwa amri, kwa vita na kwa maji. Kila mara swali limekuwa lile lile: vyombo vinabaki na nani?

Anayesimama Bangwe leo anaiona sehemu kubwa ya historia hiyo kwa mara moja. Kata hii ya Manispaa ya Kigoma/Ujiji iko kwenye rasi inayoutenganisha mji mkongwe wa Ujiji, ulio kusini, na ghuba ya Kigoma, yenye bandari na stesheni. Novemba 1871 Livingstone na Stanley walipita hapa kwa mtumbwi wakielekea kaskazini kuutazama mto Rusizi, wakagundua kwamba mto huo unaingia ziwani, hautoki. Tangu enzi hizo, kila anayetoka Ujiji kwa maji kwenda kaskazini huizunguka rasi ya Bangwe.

Katika zama za misafara, mali ilipimwa kwa bega la mtu. Mpagazi, aghalabu Mnyamwezi, alibeba takriban frasila mbili, yaani kilo 30 na ushei, mbali na mkeka wake, sufuria na posho. Msafara ulihesabiwa kwa mizigo. Kila mzigo ulijulikana una nini na umebebwa na nani, na mpagazi akitoroka, kiongozi alitafuta mzigo kwanza, mtu baadaye. Kwa maneno mengine, daftari lilikuwepo, ila lilikuwa la tajiri. Mtumwa aliyevushwa ziwa kutoka Manyema alihesabiwa humo kama mali, naye hakuruhusiwa kubeba chochote cha kwake.

Wamisionari wa Kiingereza walipofika Ujiji mwaka 1878 walileta uhamaji wa aina nyingine, wa nyumba nzima. Nahodha Edward Hore, mmoja wao, baadaye alimleta mkewe Annie na mtoto wao mdogo kutoka pwani. Mama huyo alibebwa na wapagazi katika kiti cha wagonjwa, na safari hiyo akaiandikia kitabu kilichotoka mwaka 1886. Kabla ya hapo mumewe alikuwa amekwisha kuvusha bara mashua ya chuma iliyokatwa vipande na kuvutwa kwa mikokoteni. Kumbe kwa mwenye fedha na watu wa kumbebea, hata mashua ilihamishika.

Reli ya Kati ilipofika Kigoma Februari 1914, hesabu ya mabega ilikoma. Meli ya Kijerumani Graf von Götzen iliundwa Papenburg, ikafunguliwa, ikafungashwa katika masanduku yapatayo 5,000, ikapakiwa melini hadi Dar es Salaam na kumaliziwa kwa reli hadi Kigoma, ambako iliunganishwa upya na kushushwa majini Februari 1915. Hebu mfikirie karani aliyepaswa kuhakikisha kwamba sanduku moja kati ya 5,000 halipotei, kwa maana ribiti zikikosekana hakuna meli. Mwaka 1916 Wajerumani waliizamisha wenyewe ili isiangukie mikononi mwa adui. Waingereza waliiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba.

Reli hiyo hiyo iliihamisha Ujiji bila kubomoa nyumba hata moja. Bandari, forodha na ofisi za serikali zilikaa Kigoma, na biashara ikazifuata. Hakuna aliyewaamuru watu wa Ujiji wahame, lakini mwenye duka aliyetaka wateja alijua pa kupeleka mizani yake.

Amri zilikuja baadaye. Katika miaka ya 1930 serikali ya Kiingereza iliwakusanya watu wa sehemu kadhaa za Buha, nchi ya Waha, katika makazi ya pamoja ili kuwaepusha na malale. Lakini uhamisho mkubwa kuliko yote ulikuja baada ya Uhuru. Operesheni Kigoma ilianza mwaka 1972, mapema kuliko mikoa mingi, wakati serikali ya Mwalimu Nyerere ilipotaka watu waliotawanyika mashambani waishi pamoja, karibu na barabara, shule, zahanati na maji. Novemba 1973 ikatangazwa nchi nzima kwamba kuishi vijijini ni amri. Ilipofika mwaka 1976, mamilioni ya Watanzania walikuwa wamehamia vijijini.

Mantiki ya operesheni ilieleweka, na shule nyingi za mkoa huu zimesimama kwenye vijiji vilivyozaliwa wakati ule. Tatizo lilikuwa kwenye vyombo. Lori lilipakia kinu na mchi, masufuria, mikeka, magunia ya mahindi, mbuzi na kuku waliofungwa miguu. Migomba, mibuni na michikichi haipandi lori. Mchikichi huchukua miaka kabla ya kutoa mawese, hivyo familia iliyoacha shamba lake la michikichi iliacha mafuta ya kupikia, ada ya shule na akiba ya uzeeni kwa mkupuo mmoja. Katika sehemu mbalimbali za nchi nyumba za zamani zilibomolewa au kuchomwa moto ili wenyewe wasirudi. Mwananchi alioneshwa kiwanja, akaambiwa aanze kujenga. Kilichoachwa nyuma hakikuandikwa na yeyote, kwa hiyo baadaye hapakuwa na karatasi ya kudai chochote.

Mwaka ule ule wa 1972 mauaji ya Burundi yalileta wakimbizi wengi magharibi mwa Tanzania, wakakaa kwenye makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Mwaka 1993 wakaja wengine, na vita vya Kongo vya mwaka 1996 vikaifungua kambi ya Nyarugusu wilayani Kasulu. Mwaka 1997, baada ya Mobutu kuangushwa, Liemba ilikodishwa na Umoja wa Mataifa kuwarudisha Wakongomani kwao.

Mei 2015 Liemba iliitwa tena. Kijiji kidogo cha Kagunga, kilichobanwa kati ya mlima na ziwa mpakani na Burundi, kilijaa makumi ya maelfu ya wakimbizi wa Burundi, kipindupindu kikalipuka. Barabara haikuwepo, njia ilikuwa maji tu. Meli ikawachukua mamia kwa mamia hadi Kigoma, wakapokelewa Uwanja wa Lake Tanganyika, kisha mabasi yakawapeleka Nyarugusu. Mkimbizi huchagua vyombo kwa sheria yake mwenyewe: mtoto kwanza, halafu godoro au blanketi, sufuria, dumu la maji, na mfuko wa nailoni wenye vyeti. Vyeti ni vyepesi kuliko vyote, na ndivyo vinavyogharimu zaidi vikipotea.

Katikati ya historia hiyo, mbali kabisa na ziwa hili, kuna kisa kinachofaa kusimuliwa. Oktoba 1991 moto mkubwa uliteketeza vilima vya Oakland, California, ukaua watu 25 na kuunguza maelfu ya nyumba. Mojawapo ilikuwa ya Will Wright, mbunifu wa michezo ya kompyuta. Alipoanza kununua upya vitu vya ndani alijikuta akijiuliza kila kitu kina kazi gani maishani mwake. Maswali hayo yalichangia kuzaa mchezo wa The Sims, uliotoka Februari 2000 na kuwa miongoni mwa michezo ya kompyuta iliyouzwa zaidi duniani.

Mchezaji wa The Sims huunda familia, akaipa nyumba, kazi na vyombo. Kila kiti, jiko na kitanda kina bei, na bei hiyo hushuka kadiri siku zinavyopita. Katika toleo la nne, la mwaka 2014, familia inapohama mchezaji anaweza kuvitia vitu kwenye stoo ya kaya, navyo vikaifuata hadi nyumba mpya, au akaviuza na fedha zikaingia papo hapo kwenye mfuko wa familia. Nyumba anayohamia anaweza kuinunua pamoja na samani zake au ikiwa tupu. Hakuna Sherifu wa kuuza shehena njiani.

Kijana wa Kigoma anayeucheza mchezo huo anaishi, kwenye kioo, katika nchi ambayo babu yake hakuijua: nchi ambamo kila chombo kimeandikwa na kila kinachoachwa kinalipwa. Aliyeubuni ni mtu aliyepotezewa nyumba na moto. Haishangazi kwamba alianza na orodha.

Sheria za Tanzania nazo zimejaribu kuandika orodha hiyo. Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999, zinataka fidia kamili, ya haki na kwa wakati kwa mtu ambaye ardhi yake inatwaliwa. Kanuni za mwaka 2001 zikachanganua: thamani ya soko ya ardhi na maendelezo yake, posho ya usumbufu, posho ya makazi inayokadiriwa kwa kodi ya miezi 36, hasara ya faida, na posho ya usafiri. Hii ya mwisho inawahusu hasa wenye vyombo, maana inalipa gharama halisi ya kusafirisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20 kutoka pale mtu anapoondolewa. Kisichohamishika kinalipwa thamani yake, kinachohamishika kinalipiwa lori. Kama kanuni hizo zingekuwepo mwaka 1972, mchikichi wa Buha ungekuwa na bei.

Suala hili si la wazee peke yao. Desemba 2022 serikali ilisaini mkataba wa kujenga reli ya kisasa kutoka Tabora hadi Kigoma, urefu wa kilomita zipatazo 506, na reli haipiti hewani. Ziwa nalo limekuwa likipanda katika miaka ya karibuni, likameza fukwe na kuwatoa watu wa mwambao majumbani. Tofauti yao ni kubwa: reli ina mthamini na fomu ya fidia, ziwa halina. Anayeondolewa na maji anaangukia kwa ndugu, kwa jirani na kwa kamati ya maafa.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na historia ya mkoa huu imethibitisha. Kwa hiyo mkazi wa Bangwe, Katonga, Kibirizi au kijiji chochote kinachopitiwa na mradi asisubiri mthamini abishe hodi. Ahesabu miti yake na umri wake, apige picha za nyumba nje na ndani, aandike kilichomo chumba kwa chumba, aweke hati na risiti mahali pamoja, na nakala ampe ndugu anayekaa kwingine. Siku ya uthamini awepo mwenyewe, asome fomu kabla ya kusaini, na aulize posho ya usafiri iko wapi. Halmashauri nazo zina wajibu wa kuzibandika kanuni hizi kwenye ofisi za mitaa na vijiji kwa Kiswahili chepesi, kabla mashine za ujenzi hazijafika.