Doudou na swali la nani amtunze mama

Na Mwandishi Wetu

MWAKA 2011 watazamaji wa Shirika la Utangazaji Tanzania (TBC) walianza kumfahamu binti mmoja wa Beijing aitwaye Mao Doudou. Alikuwa muuguzi, ameolewa na mpiga picha, na alizungumza Kiswahili.

Doudou ndiye mhusika mkuu wa tamthilia ya familia iliyotoka China na kuonyeshwa hapa nchini kwa jina la Doudou na Mama Wakwe Zake. Hiyo ilikuwa tamthilia ya kwanza ya China kuingizwa sauti za Kiswahili. Ina sehemu 36, na haina vita, majambazi wala wafalme. Mzozo wake mkubwa unahusu jambo linalojulikana katika kila nyumba: mama anapozeeka, ni nani anayepaswa kumtunza, na kwa gharama ya nani?

Makala haya yanaeleza tamthilia hiyo ilivyokuwa, ilivyofika Tanzania, na kwa nini swali lake lina uzito wa pekee katika wilaya mbili jirani za Mkoa wa Tanga, yaani Handeni na Korogwe, ambako mila zimekuwa zikilijibu kwa njia tofauti.

Hadithi yenyewe

Tamthilia hiyo iliongozwa na Liu Jiang, na nafasi ya Doudou ilichezwa na mwigizaji Hai Qing. Nafasi ya mumewe, Yu Wei, ilichezwa na Huang Haibo.

Doudou ni msichana wa kawaida ambaye umri wa kuolewa unaanza kumpita, kama wanavyosema majirani. Anakutana na Yu Wei na kufunga naye ndoa. Wazazi wa Yu Wei walikwisha kuachana, na baba yake alioa mke mwingine. Hivyo Doudou anapoingia katika ukoo huo anakuta mama wakwe wawili: mama mzazi wa mumewe na mama wa kambo. Wazee hao wawili hawapendani, na kila mmoja anataka kuheshimiwa kama mama mkwe halisi.

Kazi ya Doudou ni kuwaridhisha wote wawili bila kumpoteza mume. Akipeleka zawadi huku, kule wananuna. Akinyamaza anaambiwa ana kiburi, na akisema anaambiwa hana adabu.

Hata hivyo, mtazamaji makini huona kwamba katika hadithi hiyo yupo mama wa tatu. Huyo ni mama mzazi wa Doudou mwenyewe, ambaye binti yake sasa anatumia muda mwingi kuwahudumia wazazi wa watu wengine. Doudou ana kaka, na kaka huyo ana mke, kwa hiyo mama yake Doudou naye ni mama mkwe wa binti wa mwanamke mwingine. Kila mama katika tamthilia hii anatarajia kutunzwa na binti ambaye hakumzaa, huku binti aliyemzaa akiwa katika nyumba nyingine.

Ilivyofika Tanzania

Kazi ya kuingiza sauti za Kiswahili ilifanywa na Radio China Kimataifa, ambayo Idhaa yake ya Kiswahili ilianza kurusha matangazo mwaka 1961. Wazungumzaji wa Kiswahili kutoka Afrika Mashariki ndio waliotoa sauti za wahusika.

Kabla ya hapo tamthilia nyingi za nje zilizoonyeshwa nchini zilikuwa katika Kiingereza, zikiwamo zile za Amerika ya Kusini ambazo nazo zilikwisha kutafsiriwa kutoka Kihispania. Mama asiyejua Kiingereza alitazama sura za watu na kukisia, ama alisubiri mjukuu amweleze.

Ni kweli kwamba Watanzania walikuwa wakisikia filamu za kigeni kwa Kiswahili hata kabla ya mwaka 2011. Katika mabanda ya video walikuwapo wafasiri waliosimulia filamu huku zikionyeshwa, na mmoja wa waliovuma sana alikuwa Derek Mukandala, maarufu kwa jina la Lufufu. Lakini msimulizi wa aina hiyo hutumia sauti yake moja kwa watu wote, tena huongeza utani na maoni yake. Kwa Doudou, kila mhusika alipewa sauti yake, na mazungumzo yalifuata mwendo wa midomo.

Machi 25, 2013, Rais Xi Jinping wa China aliitaja tamthilia hiyo katika hotuba yake kwenye Kituo cha Mikutano cha Kimataifa cha Julius Nyerere, jijini Dar es Salaam. Alisema imependwa nchini Tanzania na kwamba imewawezesha watazamaji kuona furaha na shida za familia za kawaida za Kichina. Ni nadra kwa mkuu wa nchi kutaja ugomvi wa mkwe na mkaza mwana katika hotuba ya kidiplomasia.

Baada ya hapo tamthilia nyingine za China zilifuata. Kampuni ya StarTimes, ambayo iliingia ubia na TBC katika matangazo ya dijitali, iliendesha mwaka 2016 shindano la kutafuta vipaji vya kuingiza sauti za Kiswahili, na washindi walipelekwa Beijing kufanya kazi hiyo.

Kiswahili kilivyoibeba

Sababu mojawapo ya tamthilia hiyo kuzoeleka haraka ni lugha ya ukwe. Kichina kina majina mengi ya jamaa. Dada wa mume ana jina lake na mke wa kaka ana jina lake. Kiingereza huwaita wote hao kwa jina moja, na mtazamaji hulazimika kuuliza nani ni nani.

Kiswahili hakina umaskini huo. Kinao wifi, shemeji, mkwe, mkaza mwana, mama mdogo na mama wa kambo. Pia, kama ilivyo China, mke hapa kwetu humwita mama wa mumewe "mama", si kwa jina lake. Doudou anaposema "mama" mbele ya mwanamke ambaye hakumzaa, mtazamaji wa Korogwe hahitaji maelezo, kwani anajua uzito wa neno hilo na anajua pia linavyoweza kutamkwa kwa shingo upande.

Wilaya mbili, majibu mawili

Handeni na Korogwe zinaunganishwa na barabara ya lami yenye urefu wa takribani kilomita 65. Korogwe ipo kando ya barabara kuu iendayo Moshi na Arusha, na kwa zaidi ya karne moja imeishi kwa reli ya Tanga na mashamba ya mkonge. Handeni iko ndani zaidi, nchi ya mahindi na mifugo.

Wenyeji wa Handeni kwa sehemu kubwa ni Wazigua. Hawa, pamoja na Wanguu, Waluguru, Wakaguru na Wakwere, wanahesabiwa miongoni mwa jamii za mashariki mwa Tanzania ambazo kwa asili zilifuata ukoo wa upande wa mama. Mtoto alikuwa wa ukoo wa mama yake, na mjomba alikuwa na sauti kubwa.

Katika mpangilio huo, mama na binti ni watu wa ukoo mmoja hadi kufa. Mke wa mwana ni mtu wa ukoo mwingine. Mama akiugua, jicho la kwanza humtafuta binti.

Wilayani Korogwe, Wazigua na Wabondei wapo, lakini katika milima ya Usambara wapo Wasambaa, ambao hufuata ukoo wa baba. Huko binti akiolewa huzaa watoto wa ukoo wa mumewe. Anayebaki karibu na jiko la mama ni mke wa mwana, na ndiye anayetazamiwa kuchota maji, kupika uji na kumgeuza mgonjwa kitandani.

Bila shaka mipaka hiyo haiko wazi kama zamani. Dini, shule, ndoa za mchanganyiko na maisha ya mijini vimebadili mengi, na mashamba ya mkonge yalileta Korogwe wafanyakazi wa makabila mengi. Lakini mama anapolala kitandani miezi sita mfululizo, mila za kale huamka. Ndugu huketi na kuulizana zamu ya nani, na hapo ndipo kila upande hukumbuka desturi inayoupunguzia mzigo.

Hali ya Doudou inafanana na ya mkaza mwana wa Usambara. Hali ya mama yake Doudou, anayemkosa binti aliyemzaa, ndiyo ambayo mama wa Kizigua angeiona kuwa msiba.

Sheria ilivyosema

Suala hili si la machozi ya kwenye runinga peke yake. Limo pia katika sheria.

Tangazo la Serikali Namba 436 la mwaka 1963, lililoweka pamoja sheria za mila kwa jamii zinazofuata ukoo wa baba, lilieleza kwamba mjane hana fungu katika urithi iwapo mumewe ameacha ndugu wa ukoo wake. Fungu lake lilitajwa kuwa ni kutunzwa na watoto wake kama yeye alivyowatunza. Tangazo hilo hilo liliwaweka mabinti katika daraja la tatu, lenye fungu dogo zaidi.

Hivyo basi, kwa mwanamke aliyeguswa na kanuni hiyo, kutunzwa na watoto ndiyo mali pekee aliyoachiwa. Watoto wakikataa, hakubakiwa na kitu. Na iwapo mtunzaji halisi ni binti, basi anayebeba mzigo mkubwa ndiye aliyepewa fungu dogo.

Mwaka 2015 Kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake ilitoa uamuzi katika shauri la wajane wawili wa Tanzania walionyimwa urithi kwa misingi ya mila hizo, na kuona kuwa haki zao zilikiukwa. Kabla ya hapo, Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 ilikwisha kutambua haki sawa ya mwanamke kumiliki ardhi.

Kwa upande mwingine, Sera ya Taifa ya Wazee ya mwaka 2003 iliitambua familia kuwa ndiyo taasisi ya msingi ya kumtunza mzee. Ni kauli nzuri, ila neno "familia" halisemi ni nani hasa atakayeamka usiku.

China nayo imekabili tatizo hilo kwa sura nyingine. Sera ya mtoto mmoja, iliyodumu hadi mwaka 2015, iliacha mijini wanandoa wengi wenye wazazi wanne wa kuwahudumia na bila ndugu wa kusaidiana nao. Julai 1, 2013 ilianza kutumika sheria iliyofanyiwa marekebisho, inayowataka watoto wanaoishi mbali kuwatembelea wazazi wao mara kwa mara.

Tamthilia za nyumbani

Haitakuwa haki kusema kwamba Watanzania walihitaji Wachina ili kuona familia kwenye runinga. Kundi la Kaole lilijipatia jina kupitia ITV kwa michezo ya maisha ya uswahilini. Mwaka 2012 ilitoka Siri ya Mtungi, iliyopigwa Bagamoyo, ambayo mhusika wake mkuu, Cheche, naye ni mpiga picha kama mume wa Doudou. Baadaye ilikuja Huba katika chaneli ya Maisha Magic Bongo.

Hata hivyo, katika filamu nyingi za nyumbani mama mkwe hupewa sura moja, ya ukatili, na mama mgonjwa kijijini hupewa kazi moja, ya kufa ili mtoto wa mjini ajute. Kifo humaliza hadithi mapema. Kazi ya kumtunza, ambayo huchukua miezi au miaka, haionekani.

Hapo ndipo Doudou alipotofautiana na wengi. Katika tamthilia hiyo hakuna anayekuwa mbaya hadi mwisho, na hakuna mzozo unaomalizwa kwa radi kumpiga mkosaji. Watu huchoka, huombana radhi, hugombana tena na kula pamoja. Fedha hutajwa kwa kiasi chake, muda kwa saa zake.

Upungufu wake upo. Mwisho wa yote, amani ya nyumba hununuliwa kwa subira ya mke. Wanaume wa tamthilia hiyo hupenda, husikitika na kusuluhisha, lakini anayetazamiwa kuwa mwema kila siku ni Doudou. Mtazamaji angeweza kuondoka na fundisho kwamba dawa ya tatizo ni kumpata mkaza mwana mvumilivu.

Kwa familia ya Handeni ambayo mama yake amepewa rufaa ya kwenda Hospitali ya Bombo jijini Tanga, uvumilivu wa mtu mmoja hautoshi. Inahitajika nauli, mtu wa kulala karibu na hospitali, mtu wa kubaki na watoto, na mtu wa kulima shamba msimu usipite. Hizo ni kazi za watu wanne, na mara nyingi hupewa binti mmoja.

Waandishi wetu wa tamthilia wanayo hadithi hiyo mikononi. Wanachotakiwa ni kumwacha mama aishi hadi sehemu ya mwisho, na kumwonyesha kaka mtu akishika zamu yake.