Warusi na Wajapani, na Kanisa Lililokuwa Katikati Yao

Tukiitazama ramani ya dunia, mwisho kabisa wa mashariki, twaona safu ya visiwa vidogo, kama shanga zilizotungwa katika uzi, vinavyotoka rasi ya Kamchatka na kushuka hata kuikaribia Japani. Visiwa hivi huitwa Kurili. Hapo ndipo Warusi na Wajapani walipokutana, na kwa ajili ya hapo hawajapatana mpaka leo. Watu wengi wakisikia mataifa haya mawili yakitajwa hukumbuka vita tu. Sisi tumeonelea heri kueleza yaliyotangulia vita na yaliyotendeka ndani ya vita, kwa maana humo mna habari ya kanisa ambayo yafaa ijulikane na Wakristo.

Waliowajulisha watu wa nchi hizi wao kwa wao hawakuwa mabalozi wala matajiri, bali mabaharia waliopotezwa na tufani. Ikumbukwe ya kuwa tangu karne ya 17 serikali ya Japani ilikuwa imeifunga nchi. Katika Wazungu wote, Waholanzi peke yao waliruhusiwa kufanya biashara, nao katika bandari moja tu, Nagasaki. Mjapani hakuwa na ruhusa kwenda ng'ambo, na dini ya Kikristo ilipigwa marufuku kabisa. Lakini bahari haijui amri ya serikali. Mjapani mmoja, jina lake Dembei, alitupwa na mawimbi pwani ya Kamchatka, akachukuliwa nchi kavu hata Moscow, na mwaka 1702 akaonana na Mfalme Peter, naye akaagiza Warusi wafundishwe Kijapani.

Habari ya Daikokuya Kodayu yasikitisha zaidi. Mwisho wa mwaka 1782 yeye na wenzake, jumla watu 17, walitweka tanga kupeleka mpunga Edo, mji ambao leo ni Tokyo. Dhoruba ikawashika, wakaelea zaidi ya miezi saba, hata wakafika kisiwa cha Amchitka katika baridi ya kaskazini. Wengi walikufa. Waliosalia walivuka Siberia, na mwaka 1791 Kodayu akapiga magoti mbele ya Malkia Catherine akiomba ruhusa ya kurudi kwao. Malkia akamhurumia. Mwaka 1792 walirudishwa watatu, na mmoja wao akafa kabla ya kufika Edo. Wawili walikuwa wamebaki Irkutsk, kwa kuwa walikwisha kubatizwa, na Mkristo hakuwa na mahali pa kukaa Japani. Serikali ilimhoji Kodayu maswali mengi, na tabibu mmoja aliyeitwa Katsuragawa Hoshu akayaandika majibu yake yote: chakula cha Warusi, nyumba zao, makanisa yao, lugha yao. Hivyo Wajapani wenye elimu walianza kuwajua jirani zao kwa maneno ya mtu aliyekula nao.

Ujuzi huo ungaliweza kuzaa urafiki, lakini wakubwa waliuharibu. Mwaka 1804 balozi wa Urusi, Rezanov, alifika Nagasaki kuomba biashara. Akangojeshwa karibu nusu mwaka, kisha akakataliwa. Kwa hasira akawatuma maofisa wawili vijana, Khvostov na Davydov, nao miaka ya 1806 na 1807 wakavipiga vituo vya Wajapani katika Sakhalin na Kurili, wakapora mali na kuchoma nyumba. Mfalme wa Urusi hakuamuru jambo hilo. Lakini mtu aliyechomewa nyumba aulizaje ni nani aliyeamuru? Tangu hapo Mrusi alikuwa haramia machoni pa Mjapani.

Malipo yalimwangukia mtu asiye na hatia. Mwaka 1811 nahodha Vasily Golovnin alishuka kisiwa cha Kunashir kutafuta maji na chakula, akakamatwa pamoja na wenzake wachache, wakafungwa kamba na kuendeshwa kwa miguu siku nyingi. Walikaa kifungoni zaidi ya miaka miwili. Mara moja walitoroka wakakamatwa tena. Msaidizi wake, Rikord, aliyebaki na merikebu, naye akakamata chombo cha Kijapani mwaka 1812, na ndani yake akamkuta tajiri mmoja wa vyombo, Takadaya Kahei.

Hapa, wasomaji, ndipo jambo la ajabu lilipotokea. Kahei alipelekwa Kamchatka, akakaa nyumba moja na Rikord wakati wote wa baridi. Hawakuwa na mkalimani. Wakafundishana maneno, leo moja na kesho jingine, hata wakawa na lugha yao wenyewe. Kahei alimweleza Rikord ya kuwa serikali yake haitaki vita. Yataka tu barua ya wakubwa wa Urusi ishuhudie kwamba Khvostov alitenda kwa nafsi yake. Mwaka 1813 wakarudi pamoja. Kahei akatumwa pwani mateka aliyefunguliwa, akawa mpatanishi. Barua ikaletwa, na Golovnin akatolewa. Ugomvi ambao majemadari waliuandalia mizinga ulimalizwa na mfanya biashara na baharia waliokwisha kula sahani moja.

Golovnin aliporudi kwao aliandika kitabu juu ya kifungo chake. Mtu angedhani atawatukana waliomfunga. Kumbe aliwasifu Wajapani kuwa watu wenye akili, adabu na usafi. Kitabu hicho kilisomwa sana, na miaka mingi baadaye kilimfikia mwanafunzi wa dini katika St. Petersburg, Ivan Kasatkin, mwana wa shemasi wa kijijini. Kikamtia shauku ya kwenda Japani.

Nchi ilikuwa imekwisha kufunguliwa. Mwaka 1855 balozi Putyatin alitia sahihi mapatano ya Shimoda, na katika kazi hiyo merikebu yake Diana iliharibiwa na tetemeko la nchi na mawimbi makuu, hata ikazama. Mafundi wa Kijapani katika kijiji cha Heda wakawaundia Warusi chombo kipya, nao katika kuunda wakajifunza ufundi wa merikebu za Kizungu.

Kasatkin, ambaye sasa aliitwa Padre Nikolai, alifika Hakodate mwaka 1861. Siku moja alijiwa na mtu mwenye panga, Sawabe Takuma, mtunza hekalu la Shinto na mwalimu wa kupigana kwa panga, aliyemchukia yeye na dini yake, hata alikusudia kumwua. Padre akamwuliza kama anaijua dini anayoichukia. Alikuwa haijui. Akaambiwa aisikilize kwanza, ndipo aihukumu. Sawabe akasikiliza, akarudi tena na tena, na mwaka 1868, wakati ubatizo ulikuwa bado ni hatari, akabatizwa kwa jina la Paulo. Aliingia kifungoni kwa ajili ya imani, na mwaka 1875 akawa kasisi wa kwanza wa Kijapani katika kanisa hilo.

Nikolai hakutaka kuwafanya Wajapani kuwa Warusi. Alijifunza lugha miaka mingi kabla ya kuhubiri sana, na pamoja na mwanachuoni Nakai Tsugumaro akafasiri Agano Jipya na vitabu vya sala. Mwaka 1891 kanisa kuu lake lilifunguliwa katika Tokyo, juu ya kilima, likaonekana mjini kote. Wako waliolitazama kwa wivu, wakisema Mrusi amejenga mahali pa kuichungulia nyumba ya Mfalme.

Mwaka huohuo, tarehe 11 Mei, mrithi wa ufalme wa Urusi, Nicholas, alikuwa akitembea Japani. Watu walinong'ona ya kuwa amekuja kuipeleleza nchi. Katika mji wa Otsu askari polisi aliyewekwa kumlinda, Tsuda Sanzo, akampiga upanga kichwani. Binamu yake na wakokota magari wawili wakamwokoa. Mfalme Meiji alikwenda mwenyewe kumtazama, na mwanamke mmoja, Hatakeyama Yuko, alijiua Kyoto ili kuomba radhi kwa ajili ya taifa. Nicholas alibaki na kovu, na yule waziri Witte ameandika ya kuwa baadaye alizoea kuwaita Wajapani nyani. Mtu huyo ndiye aliyekuwa Mfalme wa Urusi mwaka 1894. Urusi ikasaidia kuwanyang'anya Wajapani Port Arthur mwaka 1895, na mwaka 1898 ikaichukua yenyewe.

Vita vikaanza Februari 1904. Manowari za Urusi zilitumwa kutoka bahari ya Baltic mwezi wa Oktoba, zikazunguka Afrika. Hofu ilikuwa kubwa hata katika bahari ya Uingereza waliwapiga mizinga wavuvi usiku, wakidhani ni Wajapani, hali Wajapani walikuwa mbali mwisho wa dunia! Zilikutana Nosy Be, katika Bukini, bahari hii yetu ya Hindi, zikakaa hapo hata Machi 1905, na hapo zikasikia kwamba Port Arthur imekwisha kuanguka. Mwezi wa Mei jemadari Togo aliziangamiza Tsushima. Warusi zaidi ya 4,000 walikufa; Wajapani, 117.

Na yule Askofu Nikolai? Balozi wa Urusi alipoondoka, yeye alibaki. Wakristo wake walikuwa wakiitwa wapelelezi mitaani. Wakauliza: Tuombe nini? Akawaandikia ya kuwa ni haki yao na wajibu wao kuwaombea Mfalme wao na askari wao ushindi. Yeye, kwa kuwa ni Mrusi, hataweza kuombea nchi yake ishindwe. Kwa hiyo ataacha kushiriki sala za hadhara mpaka vita vitakapokwisha. Akakaa chumbani akifasiri vitabu. Wengine walimlaumu. Tolstoy, mwandishi mkuu wa Warusi, aliandika mwaka 1904 kuwa pande zote mbili zakosa, na maneno yake yakachapwa kwa Kijapani mwaka uleule. Sisi hatuwezi kusema Tolstoy alikosa. Lakini Tolstoy aliandika akiwa shambani kwake, na askofu alikuwa na kundi la kulisha pande zote mbili za bunduki. Maana mateka Warusi zaidi ya 70,000 waliletwa Japani, na makasisi wa Kijapani waliojua Kirusi walitumwa kuwafariji, kuwakomunisha na kuwazika. Katika Matsuyama yako makaburi 98 ya mateka hao, na wanafunzi wa shule huyasafisha.

Nikolai alikufa mwaka 1912, akiacha Wakristo zaidi ya 30,000. Tetemeko la mwaka 1923 likaliangusha kuba la kanisa, nao Wajapani wakachanga fedha, likafunguliwa tena mwaka 1929 chini ya Askofu Sergius, Mrusi mwingine.

Yaliyofuata twayapita upesi. Mwaka 1939 walipigana Khalkhin Gol. Mwaka 1941 wakaahidiana kutoshambuliana. Agosti 1945 Urusi ikaingia vitani, ikachukua Kurili zote, na Wajapani karibu 600,000 wakapelekwa Siberia kufanya kazi ngumu, ambako kama 60,000 walikufa. Kwao hawakuwako makasisi wa kutumwa. Mwaka 1956 mataifa haya yalirudisha ubalozi, lakini mapatano ya amani hayajatiwa sahihi, kwa sababu ya visiwa vinne vya mwisho wa Kurili, na Kunashir ya Golovnin ni kimojawapo. Mwaka 2022 Urusi iliyaacha mazungumzo.

Askofu Sergius alikamatwa na polisi wa Japani mwaka 1945 kwa kushukiwa upelelezi. Alifunguliwa akiwa dhaifu, akafa Tokyo tarehe 10 Agosti, siku moja baada ya Warusi kuanza kushambulia. Kanisa lingali kilimani, na watu wa Tokyo, hata wasio Wakristo, huliita nyumba ya Nikolai.