Meya wa Liverpool na Watu Waliotupwa Baharini

William Gregson alikalia kiti cha umeya wa Liverpool mwaka 1762. Leo anakumbukwa kwa meli yake, Zong, aliyoimiliki pamoja na washirika wake.

Mwaka 1781 meli hiyo iliondoka Afrika kuelekea Jamaika ikiwa imeshindiliwa Waafrika 442. Mabaharia wakapotea njia, kisiwa wakakipita, na maradhi yalikuwa yamekwisha kuingia. Kuanzia Novemba 29 wakawatupa baharini watu wakiwa hai, kundi baada ya kundi, hadi wakazidi 120. Kisingizio kilikuwa uhaba wa maji. Lakini mateka akifa kwa ugonjwa, hasara ilikuwa ya mwenye meli. Akitoswa kwa dharura ya kuokoa chombo, bima ililipa pauni 30 kwa kila mmoja.

Gregson na wenzake wakadai hela zao. Wenye bima walipokataa, wakaburuzwa mahakamani mwaka 1783, na wazee wa baraza wakawapa wenye meli ushindi. Jaji Mkuu Mansfield akaagiza kesi isikilizwe upya. Wakili wa wenye meli alikuwa John Lee, mwanasheria wa ngazi ya juu serikalini. Olaudah Equiano, aliyepata kuwa mtumwa, alimpasha habari mpinga utumwa Granville Sharp, naye Sharp akahangaika ili wauaji washtakiwe. Hakushtakiwa hata mmoja.

Nani angewagusa? Kati ya 1787 na 1807 kila meya wa Liverpool alikuwa na mkono katika biashara ya watumwa. Baraza la mji lilijichagulia wajumbe wake lenyewe, basi mwenye meli akawa ndiye mwenye mji, na gati zilizopokea meli hizo zikajengwa na baraza hilohilo. James Penny, mfanyabiashara aliyekwenda London kuitetea biashara hiyo, alitunukiwa na baraza pambo la fedha la kuweka mezani. Bungeni, sauti ya wenye meli ilikuwa Banastre Tarleton, ambaye baba yake aliuza watumwa na kuwa meya mwaka 1764.

William Roscoe, mpinzani wa biashara hiyo, alimng'oa Tarleton bungeni mwaka 1806, na mwaka uliofuata akapiga kura ya kuipiga marufuku biashara hiyo. Aliporudi nyumbani alipokewa na genge la wenye hasira. Uchaguzi wa 1807 ulipoitishwa, kiti kikarudi kwa Tarleton.