JICHO LA MO
Sehemu ya Kwanza: Shilingi Arobaini

Mwaka 1952 mfanyakazi mmoja wa reli alihamia Dar es Salaam na familia yake kutoka Nairobi. Miongoni mwa watoto wake alikuwamo Mohamed Amin, au Mo, aliyezaliwa mwaka 1943. Mji waliofikia ulikuwa umekatwa mapande na wakoloni: Uzunguni baharini, Uhindini katikati, Kariakoo kwa Waafrika, na uwanja wa Mnazi Mmoja ukaachwa wazi ili watu wasichangamane.

Alipofika miaka 11, Mo alinunua kamera ya Box Brownie iliyokwisha tumika, kwa shilingi 40. Kamera ile ilikuwa kisanduku tu, haina lenzi ya kuvuta kilicho mbali. Ukitaka uso wa mtu uonekane, unamwendea kwa miguu yako mpaka umfikie. Naamini hapo ndipo alipoivishwa. Dunia inamkumbuka kwa picha za njaa ya Ethiopia za Oktoba 1984, alizopiga Korem akiwa na Michael Buerk wa BBC, na Nairobi inamhesabu kuwa mwanawe. Ni haki yake. Lakini kampuni yake, Camerapix, ilianzia hapa Dar es Salaam mwaka 1963, na jambo hili hatulisemi vya kutosha.

Hakupewa hata mwaka wa kupumua. Jumapili, 12 Januari 1964, Mapinduzi yalilipuka Zanzibar, na Mo akawa miongoni mwa walioyapiga picha. Siku nane baadaye moto ukahamia bara. Usiku wa manane kuamkia Jumatatu, askari wa kambi ya Colito, ambayo leo ni Lugalo, waliwakamata maofisa wao Waingereza. Walitaka nyongeza ya mshahara, na Waafrika washike vyeo. Wakaingia mjini, wakaizingira Ikulu. Nyerere alikuwa ameshatoroshwa. Wananchi hawakujua yuko wapi.

Kulipokucha, bunduki zilikuwa barabarani. Maduka ya Wahindi na Waarabu yakaanza kuvunjwa na kuporwa. Risasi zikasikika. Wenye maduka wakajifungia ndani na watoto wao.

Mo alikuwa na miaka 20. Kwa waporaji, sura yake ilikuwa ya mwenye duka. Kwa waasi, kamera yake ilikuwa ushahidi. Je, angethubutu kuwasogelea?

Itaendelea wikiendi ijayo.